Katekista Asiyeegemea Kitu

Katekista wetu wa Kabeza, mtaa wa Kigali, aliweza kulala mahali popote isipokuwa kitandani. Nilimwona amelala wima kwenye foleni ya maji, ndoo ikiwa mkononi. Nilimwona amelala katikati ya Salamu Maria, akaamka kwenye "saa ya kufa kwetu" na kuendelea kama mtu aliyefumba macho kwa ibada tu. Siku moja alilala akiwa ananisalimia. Alisema, "Bonjour, binti, habari za..." kisha akanyamaza. Nikasubiri kwa adabu mpaka ndege iliyokuwa inatua uwanja wa Kanombe ikapita juu ya vichwa vyetu na kutikisa mabati ya duka la mama. "...nyumbani?" akamalizia.

Lakini katika kulala kwake kote hakuwahi kuegemea kitu. Hakuegemea ukuta, wala mlango, wala mgongo wa kiti. Kanisani alikaa ukingoni mwa benchi, amenyooka kama mshumaa. Ndani ya taksi, wenzake wakibanana na kulaliana, yeye alishika goti lake mwenyewe na kuyumba peke yake. Wageni walidhani ni maringo. Mama yangu, aliyekuwa na dawa ya kila kitu, alidhani ana jipu mgongoni. Sisi wanafunzi wake tulijua sababu, na sababu yenyewe inahitaji kuelezwa taratibu.

Mwaka huo wa tisini na moja nilikuwa mchumba wa Deo, na mama yake Deo alikuwa amesema wazi kwamba bila ubatizo hakuna harusi. Baba yangu, dereva wa lori kutoka Ngara, ng'ambo ya mpaka, alikuwa mtu wa barabara zaidi kuliko wa dini. Alinilea vizuri, lakini sala hakunifundisha hata moja. Basi kila Jumamosi nikaenda kwenye darasa la dini la watu wazima, lililofundishwa kwa Kiswahili katika chumba cha mabati nyuma ya kanisa. Tulikuwa mchanganyiko: mmoja katoka Bukavu, mwingine Bujumbura, mwingine kazaliwa hapo hapo Kabeza. Kiswahili chetu kilifanana na sisi wenyewe. L na R zilikuwa kama mapacha: ukimwita mmoja, anaitika mwingine.

Darasa lilianza mara tu baada ya chakula cha mchana. Hilo ndilo lililokuwa kosa. Ukishamjaza mtu maharage na mihogo, ukamweka chini ya bati la moto na kumsomea amri za Mungu, usimlaumu kwa litakalotokea. Siku ya kwanza, katekista alipofika amri ya nne, waliokuwa macho walikuwa wawili: yeye, na Mama Gaspari, mjane aliyeuza maharage sokoni Kicukiro. Mama Gaspari alikuwa macho kwa sababu alikuja na kazi yake. Alichambua maharage kwenye ungo mapajani huku akisikiliza habari za wokovu.

Katekista akajaribu kutusimamisha. Kadogo, dereva wa taksi ambaye licha ya jina lake alikuwa na mwili wa kabati la nguo, akalala akiwa amesimama, akaangukia ungo.

"Weye Kadogo!" Mama Gaspari alipiga kelele. "Iko tembo weye! Maharage yangu yote iko chini!"

Tukaokota maharage, na tulipokaa tena, macho yakaanza kurudi kulekule. Katekista akatutazama kwa muda. Kisha akasema polepole, kama mtu anayekumbuka kwao:

"Iko nchi moja inaitwa Bugona."

Tukacheka, maana kwa Kinyarwanda kugona ni kukoroma. Yeye hakucheka.

"Katika Bugona," akasema, "mtu akirara, anaamka akiwa kile alichoegemea."

Kadogo, aliyekuwa ameegemea ukuta, akajitenga nao taratibu.

Tangu siku hiyo hakuna aliyelala. Katekista alifundisha amri moja, halafu akatupa kipande cha Bugona. Akafundisha sakramenti, akatupa kingine. Tulisikia habari za mfalme aliyeegemea ngoma yake, ambaye sasa hupigwa na raia kila asubuhi kwa heshima kubwa. Tulisikia habari za hakimu aliyegeuka mlango wa mahakama, na wenye kesi wakawa wanaingia kwa kumsukuma. Tulisikia habari za ndugu wawili waliopatana kuegemeana ili wawe salama. Wakaamka kila mmoja akiwa mwenzake, kila mmoja akaenda nyumba isiyo yake, na wake zao hawakusema lolote.

"Na mtu akirara chini?" Mama Gaspari aliuliza. Yeye ndiye aliyekuwa anauliza kila mara. "Ardhi si kitu?"

Katekista akafikiri. "Anakuwa shamba."

"La nani?"

"La jirani."

Chumba kikalipuka. Kadogo alisimama akasema hilo ni jambo la dhuluma kabisa, mtu hawezi kuwa shamba la jirani, kuna sheria. Katekista alimjibu kwa upole kwamba sheria za Bugona hazikutungwa Kigali.

Nilishangazwa na jinsi mtu huyu alivyokuwa mpole kwa mambo ya Mungu na mkali kwa mambo ya Bugona. Kadogo alipoweza kutaja amri tisa tu, alimwambia, "Inatosha, ya kumi utaikuta njiani." Lakini Kadogo huyo huyo alipopendekeza kwamba Bugona kuwe na kitanda kimoja cha serikali kisicho na madhara, katekista aliinuka kwenye kigoda amekasirika. "Unataka kuharibu nchi ya watu!" akasema, na hatukupata Bugona Jumamosi ile. Tulirudi nyumbani na Toharani peke yake.

Habari zikatoka darasani zikaenea mtaani. Mchinjaji akaacha kuegemea nyama zake. Jirani yetu mmoja alimsukuma mumewe kitandani, sisi sote tukisikia dirishani, "Usiniegemee! Ukiamka uko mimi, nani atakuwa wewe?" Mume akajibu, "Afadhali. Utajua navyoteseka." Miaka ile vita vilikuwa kaskazini, na redio ziliongea katika kila dirisha. Kila mtu alikuwa na hofu zake ambazo hakuzitaja mbele ya watu. Hofu ya kugeuka meza ilitajika. Ilitajwa barabarani kwa sauti kubwa, ikachekwa, watu wakaachana wakiwa wepesi kidogo.

Katekista peke yake ndiye aliyekuwa mzito. Alikuwa akitafuna buni za kahawa na kuweka vipande vya pilipili mfukoni pamoja na rozari, na mara moja nilimwona akivichanganya, akaibusu pilipili. Alipenda kusema, "Shetani hana haraka, binti. Shetani ana mto." Tulidhani ni mafundisho. Kumbe alikuwa anaeleza matatizo yake.

Asubuhi moja alikuja dukani kwa mama kununua kahawa. Macho yake yalikuwa mekundu kama ya mpishi wa kuni. Mama akamkaribisha kiti, yeye akakigeuza ili mgongo wa kiti uwe mbali naye, akakaa.

"Mama," alisema, "na wewe binti. Mimi nafika kule."

"Kule wapi, Mwalimu?" niliuliza.

"Bugona."

Akatueleza bila kutabasamu. Kila alipolala kitandani kwake usiku alijikuta Bugona, amesimama kwenye majani, mahali palipo wazi. Na akiwa kule, alisikia usingizi. Usingizi mkubwa ajabu, kuliko wa huku. Alijitahidi usiku kucha asilale ndani ya ndoto, na asubuhi aliamka amechoka kuliko alivyolala. Usingizi wa mchana haukuwa na shida, kwa sababu ulikuwa mfupi. "Haufiki Bugona," alisema. "Unaishia njiani."

"Na kule kuna nini cha kuegemea?" mama aliuliza. Alikuwa amekunja mikono juu ya kaunta kama daktari.

"Hakuna kitu. Kuna mbuzi tu."

"Mbuzi gani?"

"Mweupe. Ana tabia nzuri." Akashusha sauti. "Hapo ndipo iko hatari. Anakuja karibu, ananipa ubavu wake. Ana joto, mama. Nikimwegemea tu, basi. Na mbuzi hafundishi sakramenti."

Nilikuwa nimeuma midomo kuzuia kicheko, lakini yeye alikuwa anachungulia mlangoni kama anayemngoja mbuzi huyo, na kicheko kikaisha chenyewe.

"Lakini Mwalimu," nilisema, "Bugona si umeitunga wewe?"

"Ndiyo. Mimi najua sana." Akanywa kahawa. "Mtu akijenga nyumba kwa mikono yake, paa likivuja yeye halowi?"

Mama akasema kama nchi ni yake, basi abadilishe sheria, aseme kwamba kuanzia leo kuegemea mbuzi hakudhuru. Katekista akatikisa kichwa kwa huzuni. Sheria ikishatangazwa mbele ya watu, alisema, siyo ya aliyeitangaza tena. Angewaambia nini wale waliokwisha geuka?

Mtaa mzima ukaingia kazini kumponya. Mama alimpa jani la kuweka chini ya ulimi, likamfanya ateme mate wiki nzima. Kadogo alimshauri kwa uzoefu wa udereva aimbe ndani ya ndoto; akaimba, na mbuzi, alivyotuambia, akaonekana kuupenda wimbo, akasogea zaidi. Baba yangu, aliporudi safari, alisema dawa ni kumfukuza huyo mbuzi kwa jiwe. Katekista akamwambia hakuna jiwe. Baba akasema, basi lala na jiwe mkononi. Akalala nalo. Kule Bugona mkono ukawa mtupu, na huku Kabeza jiwe likamwangukia kidoleni.

Ni Mama Gaspari tu ambaye hakutoa dawa. Alimwuliza maswali tu: mbuzi huyo ana pembe? Anatoka upande gani? Na katekista alimjibu yote, kwa urefu, darasa likiwa limeshakwisha na sisi wengine tukichukua mabaki ya chaki na kuondoka.

Ikakaribia Pasaka, na Padiri akaja kutupima kabla ya ubatizo. Alikuwa kijana, amerudi karibuni kutoka masomoni, ana miwani na hana mzaha. Alianza na Kadogo, labda kwa sababu Kadogo alionekana kuliko wengine.

"Bwana aliposali bustanini," Padiri aliuliza, "mitume walifanya nini?"

"Walirara, Padiri."

"Vizuri sana. Na aliporudi aliwakuta vipi?"

Kadogo akajikuna shingo. "Inategemea waliegemea nini."

Padiri akadhani hakusikia vizuri. Akataka kumsaidia. "Kumbuka ile ilikuwa bustani gani. Kulikuwa na mizeituni..."

"Ee! Basi aliwakuta mizeituni."

"Petro hapana," Mama Gaspari aliingilia bila kuacha kuchambua. "Petro aliegemea upanga. Ndiyo maana baadaye alikata mtu sikio."

Darasa zima likaitikia kwamba ndivyo, na wengine wakaanza kujadiliana Yohane aliegemea nini. Katekista alikuwa ukutani, yaani karibu na ukuta, amefumba macho. Kwa mara ya kwanza sidhani kama alikuwa amelala.

Padiri alipopata habari yote ya Bugona, hukumu yake ilikuwa fupi. Jumapili, katekista asimame mbele ya waumini wote na kusema kwamba nchi hiyo haipo. Akikataa, darasa litapata katekista mwingine, na ubatizo wetu utasubiri mpaka huyo mwingine atufundishe upya.

Nikakimbilia kwake siku ileile. Ng'ombe walikuwa wamekwisha kutolewa, siku ya harusi imepangwa, na mama yake Deo hakuwa mtu wa kuambiwa kwamba harusi imezuiliwa na mbuzi. Nilimkuta nje ya nyumba yake, amekaa kwenye kigoda katikati ya uwanja, mbali na kila kitu.

"Mwalimu, sema tu," nilimwomba. "Ni maneno mawili."

"Binti, nikisema haipo, halafu usiku nikaikuta?"

"Utawaambia watu wa kule Padiri amekataza."

Akanitazama kwa huruma. "Mbuzi hamjui Padiri."

Nilianza kulia, na nadhani hakuwa amezoea kuona mtu mzima akilia kwa sababu ya jambo alilolitunga yeye. Alitafuta kitambaa mfukoni, akanipa, nikajifuta, na pilipili ikaniingia machoni. Nikalia mara tatu zaidi. Akashtuka sana. "Nitasema!" akapaza sauti. "Nyamaza, binti, nitasema!"

Jumapili kanisa lilijaa mpaka mlangoni. Wengine walikuwa Waprotestanti kabisa, wamekuja kwa ajili ya tangazo. Katekista akasimama mbele, jasho likimtiririka.

"Ndugu zangu," alisema, "Bugona haipo. Niliitunga mimi."

Watu wa mlangoni wakasogea ndani.

"Hakimu hayupo. Wale ndugu wawili hawapo." Sauti yake ikaanza kukatika kama ya mtu anayesoma majina kwenye msiba.

"Mana yanjye, Mungu wangu," mwanamke mmoja aliguna nyuma. "Hata mfalme?"

Katekista akajifuta jasho. "Hata mfalme."

Akashuka, akaja kukaa ukingoni mwa benchi lililokuwa mbele yangu, pembeni ya Mama Gaspari. Padiri akaanza mahubiri, na mahubiri yake yalikuwa ya mtu aliyeshinda. Hayakuwa na mwisho. Nikaona kichwa cha katekista kinaanza kwenda. Kikaenda mbele, akakirudisha. Kikaenda kando, akakirudisha. Safari hii haukuwa ule usingizi mfupi. Ulikuwa usingizi wa mwaka mzima umekuja kwa pamoja.

"Mwarimu," Mama Gaspari alinong'ona, "niegemee."

"Hapana, mama."

"Si umesema haipo?"

"Nimesema kwa mdomo."

"Basi niegemee hivyo hivyo. Ukiamka uko mimi, si utauza maharage tu? Kazi si mbaya."

Akamtazama. "Na wewe utakuwa nini?"

"Mimi nitapumzika," alisema.

Nilimwona akifikiri. Alifikiri kwa dhati, kama alivyofikiria lile suala la shamba la jirani. Kisha akaweka kichwa begani kwake taratibu sana, kama mtu anayetua ndoo iliyojaa, na kabla Padiri hajamaliza sentensi, akakoroma. Padiri akapaza sauti. Mkoromo nao ukapanda. Akalala wakati wa sala ya waumini, akalala tulipopiga magoti, akalala wakati wa matangazo. Watu walipotoka walimpita kwa kunyata, wakimchungulia uso kuona kama umeanza kubadilika.

Tukabaki mimi, Deo na Kadogo. Mama Gaspari hakusogea, ingawa mkono wake ulikuwa umekufa ganzi na midomo ameibana kwa maumivu. Hatimaye katekista akafumbua macho. Akatazama viganja vyake. Akajishika masikio, pua, kidevu.

Kadogo akainama mbele yake, akauliza kwa woga, "Mwarimu, maharage ya njano leo ni bei gani?"

"Sijui," katekista akasema.

Sote tukapumua kwa mara moja.

"Ulifika?" Mama Gaspari alimwuliza.

"Nilifika."

"Na yule mbuzi?"

"Aliniangalia tu, akaona nimekwisha pata pa kuegemea. Akaenda kula majani."

Mama Gaspari akasugua bega lake. "Ana akili," akasema, na nikamwona ameona haya, mwanamke yule ambaye nilidhani haya zake alikwisha kuziuza zamani pamoja na maharage.

Tulibatizwa Pasaka. Harusi yangu ikafanyika siku yake, na mama yake Deo akacheza kuliko wote. Katekista na Mama Gaspari walioana baadaye mwaka huohuo, Kadogo akiwa dereva, na katekista akahamia kwa mkewe Kicukiro. Hakupona kabisa. Mpaka siku ya mwisho niliyomwona hakuegemea kiti, ukuta wala mtu mwingine yeyote. Na Padiri, ambaye hakuwa mtu mbaya, siku moja alinisimamisha nje ya kanisa, akatazama huku na huku, akaniuliza kama ninajua malkia wa Bugona aliegemea nini. Nilimwambia hatukufika huko. Alionekana kusikitika kweli.

Mara ya mwisho kumwona katekista ilikuwa mwaka wa tisini na tatu. Deo alikuwa amepata kazi Ngara, karibu na ndugu za baba, nami nikaenda soko la Kicukiro kununua vitu vya safari. Mwaka ule watu wengi waliokimbia vita kaskazini walikuwa wamefika pembeni mwa mji na magodoro yao vichwani, na mchana walikuja masokoni kutafuta chochote cha kufanya. Nilikuta bibi mmoja wa huko amekaa mbele ya meza ya Mama Gaspari. Alikuwa anamwambia katekista kwa Kinyarwanda kwamba tangu aondoke kwake hajapata usingizi. Kule wanakoishi, akifumba macho, anasikia watu wanakimbia. Alikuwa amesikia kwamba mzee huyu anajua nchi. Je, hajui moja ambayo mtu analala vizuri?

Katekista akaacha kupima maharage. Nilimfahamu vya kutosha kuona kwamba anajaribu. Midomo ilikuwa inacheza. Nilitaka sana aipate.

"Mama," akasema mwishowe, "hiyo sijui kuitunga."

Bibi akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyezoea kuambiwa bidhaa imekwisha.

"Lakini wewe lala hapa," katekista akaendelea. "Mimi nitakuwa macho. Kukaa macho ninajua sana. Akija mtu, nitamwona mimi kwanza."

Mama Gaspari akatandika magunia matupu nyuma ya meza. Bibi akajilaza kwa mashaka, akiwa na viatu miguuni. Katekista akageuza kigoda, akampa mgongo, akakaa ameutazama umati wote wa soko, mikono juu ya magoti. Sijui ilichukua muda gani. Nilichoona ni kwamba mkono wa yule bibi, uliokuwa umeshika pindo la kitenge kwa nguvu, ulifunguka.

Nikasogea kumuaga katekista. Akaweka kidole mdomoni. Muuza nyanya wa pembeni akamwona, akaacha kutangaza nyanya zake. Wa pili akaacha. Kimya kikapita meza kwa meza. Akaja kijana mmoja na toroli la viazi ambalo gurudumu lake lilikuwa linalia kama nguruwe, akafika karibu, akaona kile kidole, akasimama. Akatazama magunia. Kisha akainama, akaliinua toroli zima pamoja na viazi vyake, akalikumbatia kifuani, mishipa ya shingo imemtoka, akapita.

Mimi nikavua viatu, nikamfuata.